Filimbi ya Bach na Gogo la Kilwa

Mnamo mwaka 1726 au 1727, katika mkoa wa Thuringia huko Ujerumani, kijana aitwaye Johann Peter Kellner alikuwa akinakili kwa mkono muziki wa mtu mwingine. Kellner alizaliwa mwaka 1705, kwa hiyo alikuwa na umri wa wanafunzi wengi wa chuo kikuu wa leo. Alikuwa mwalimu na mpiga kinanda, na alizipenda sana kazi za Johann Sebastian Bach. Moja ya kazi alizonakili ni sonata ya filimbi na baso kontinuo katika E maina, ambayo siku hizi hutambulishwa kwa namba BWV 1034. Nota zilizoandikwa na Bach mwenyewe zimepotea. Bila mwandiko wa Kellner na wanakili wenzake, sonata hiyo isingetufikia.

Ina sehemu nne: ya polepole, ya haraka, ya polepole tena, na ya haraka ya kumalizia. Ukifungua nota zake utaona mistari miwili tu. Wa juu ni wa filimbi. Wa chini ni wa besi, na kwenye baadhi ya nota za besi zimewekwa tarakimu ndogo: 6, 7, 4 na 2. Hayo ndiyo baso kontinuo. Selo hupiga besi kama ilivyoandikwa. Mpiga hapsikodi, kinanda cha zamani ambacho nyuzi zake hukwanyuliwa badala ya kugongwa, hupiga besi hiyohiyo kwa mkono wa kushoto, halafu kwa mkono wa kulia hujaza sauti zinazokosekana kwa kufuata zile tarakimu. Namna ya kuzijaza ni juu yake. Bach aliandika mifupa, nyama huwekwa na wapigaji papo hapo.

Aliyewahi kusimama karibu na jukwaa la muziki wa dansi, iwe ni Mango Garden pale Kinondoni au ukumbi mwingine wowote wa Dar es Salaam, hatashangaa. Gitaa la solo ndilo linaloimbwa midomoni mwa watu wakirudi nyumbani. Gitaa la rizimu na besi hakuna anayeyaimba, lakini yakinyamaza solo inabaki kama mtu anayezungumza peke yake barabarani. Na mpiga rizimu naye hasomi kila nota. Anajua wimbo unapoelekea, anajaza.

Kwa hiyo kinachosikika katika sonata ile ni kikubwa kuliko kilichoandikwa. Wanahistoria wa muziki wamekwisha kuandika mengi juu ya mkono wa kulia wa mpiga hapsikodi. Mimi nataka kufuata kitu kingine ambacho hakimo kwenye nota za Kellner, nacho ni mti.

Filimbi ya enzi za Bach ilishikwa kwa ulalo kama ya leo, lakini ilikuwa ya mbao, na ilikuwa na matundu sita ya vidole na kitufe kimoja tu cha chuma. Mafundi walitumia zaidi boksiwudi, mbao ya manjano inayopatikana Ulaya. Wengine walitumia pembe za ndovu, na wengine mbao nyeusi kutoka ng'ambo. Johann Joachim Quantz, aliyekuwa mwalimu wa filimbi wa Mfalme Frederick wa Pili wa Prussia, alichapisha mwaka 1752 kitabu kikubwa kuhusu upigaji wa filimbi. Humo alieleza kuwa boksiwudi ndiyo iliyotumika zaidi na kudumu zaidi, lakini sauti safi na nzuri kuliko zote ilitoka kwenye mti mweusi.

Mti huo mweusi haukuota Prussia. Uliletwa kwa meli kutoka nchi za joto, zikiwemo zile zinazozunguka bahari yetu: India, Sri Lanka, Madagaska na Mauritius. Waholanzi walikaa Mauritius kuanzia mwaka 1638 hadi 1710, na moja ya sababu kubwa za kukaa pale ilikuwa kukata miti hiyo. Walitumia watumwa, wengi wao kutoka Madagaska. Wafaransa walipokichukua kisiwa baadaye, waliwatafuta watu hata kwetu. Mwaka 1776 mfanyabiashara Mfaransa aitwaye Morice alifunga mkataba na Sultani wa Kilwa ili auziwe watumwa 1,000 kila mwaka. Wakati huo Frederick alikuwa bado anatawala, na Quantz alikuwa amefariki miaka mitatu tu iliyopita.

Sisemi kwamba filimbi fulani ya Berlin ilichongwa kutoka gogo fulani lililokatwa na mtumwa fulani. Hakuna karatasi ya namna hiyo. Ninachosema ni kwamba muziki wa Baroki, tunaozoea kuusikia kama mali ya makanisa na makasri ya Ulaya, ulitegemea malighafi za dunia pana, na Bahari ya Hindi ilikuwa sehemu ya dunia hiyo. Wapigaji wamekumbukwa kwa majina. Wakataji wa miti wamekumbukwa kwa idadi tu, pale walipokumbukwa.

Hapa ndipo mpingo unapoingia, na kwanza inabidi tuutenganishe na jina ulilobandikwa. Kamusi nyingi hutafsiri mpingo kwa jina lilelile la Kiingereza linalotumika kwa miti myeusi ya Mauritius na Sri Lanka. Kisayansi ni ukoo mwingine kabisa. Miti ile ni ya jenasi ya Diospyros. Mpingo ni Dalbergia melanoxylon, wa jamii ya mikunde, yaani ni ndugu wa mbali wa kunde na maharage. Wataalamu wa Ulaya waliuelezea kisayansi katika miaka ya 1830 kwa sampuli kutoka Senegali, ingawa mafundi wa pwani yetu walikuwa wakiujua tangu zamani. Ni mti wa umbo dogo, wenye miiba na shina lililopindapinda. Ngozi yake ya ndani ni ya rangi ya maziwa, na moyo wake ni mweusi wenye wekundu wa zambarau. Ukiutupa majini unazama. Huchukua miaka 70 au zaidi kufikia unene wa kuvunwa.

Mpingo ulipata soko la ala za muziki katika karne ya 19. Filimbi, obo na klarineti zilianza kuongezewa vitufe vingi vya chuma, na kila kitufe kilihitaji kushikiliwa na mbao isiyovimba wala kupinda. Boksiwudi ilishindwa kazi hiyo. Mpingo uliiweza: ni mgumu, una mafuta yake wenyewe, na ukikerezwa hutoa ukuta laini kama kioo. Kufikia mwishoni mwa karne hiyo ulikuwa umeshika nafasi ya kwanza kwa klarineti na obo. Filimbi kubwa ya okestra ilihamia kwenye chuma, kufuatia mfumo uliobuniwa na Theobald Boehm mwaka 1847.

Kisha historia ikarudi nyuma kidogo. Katika nusu ya pili ya karne ya 20, wanamuziki kama Frans Brüggen na Barthold Kuijken walianza kupiga kazi za Bach kwa filimbi za mbao zilizoigwa kutoka zile za zamani. Mafundi wa leo wa filimbi hizo hutumia boksiwudi, na baadhi yao hutumia mpingo. Ndiyo maana inawezekana kabisa, usiku wa leo, sonata iliyonakiliwa na Kellner isikike Amsterdam kupitia mti uliokulia kusini mwa Tanzania au kaskazini mwa Msumbiji, nchi mbili ambazo soko la ala hutegemea.

Mti huo ulifikaje huko? Kwa sehemu kubwa, ulipitia kwetu.

Kilwa Road inaanzia jijini, inapita Mtoni na Mbagala katika Temeke, inaendelea Mkuranga, inavuka Rufiji na kuingia Kilwa na Lindi. Kwa miaka mingi Rufiji yenyewe ndiyo iliyoilinda misitu ya kusini. Mvua zikinyesha barabara ilikatika, na kivuko kilikuwa na foleni ya kukatisha tamaa. Mwaka 2003 Daraja la Mkapa likafunguliwa. Watu wa kusini walikuwa wamelisubiri kwa muda mrefu na walikuwa na haki ya kulifurahia. Lakini malori ya magogo nayo yalifurahi. Ripoti ya shirika la TRAFFIC ya mwaka 2007 ilichunguza wimbi la ukataji lililofuata na kukadiria kwamba katika miaka ya 2004 na 2005, hadi asilimia 96 ya ushuru wa mbao uliopaswa kukusanywa ulipotea. Magogo yaliyopita Mbagala usiku kuelekea bandarini hayakuhesabiwa, na yaliyohesabiwa yalihesabiwa vibaya.

Kijijini kilibaki nini? Karibu hakuna. Ili kuelewa kwa nini, inabidi turudi kwenye sheria. Mwaka 1895 serikali ya Kijerumani ilitangaza kuwa ardhi yote ambayo mwenyeji hakuweza kuthibitisha umiliki wake ni mali ya Dola. Misitu mingi iliingia humo. Miaka kumi baadaye, Julai 1905, Vita vya Maji Maji vilianzia Nandete katika vilima vya Umatumbi, Kilwa, kwa kung'oa pamba ya kulazimishwa. Waingereza waliporithi nchi, na serikali huru iliporithi kutoka kwao, wazo la msingi kuhusu miti lilibadilika kidogo tu: mti umeota nyuma ya nyumba yako, lakini kibali cha kuukata kinatoka ofisi iliyo mbali. Mwenye karatasi anakuja na msumeno, anaondoka na gogo, na mwenyeji anabaki na kisiki.

Mabadiliko ya kweli kwenye karatasi yalikuja na Sheria ya Misitu ya mwaka 2002. Iliviwezesha vijiji kutenga msitu ulio kwenye ardhi yao kuwa hifadhi ya kijiji, kuandaa mpango wa uvunaji, kupanga bei, na kubaki na mapato. Karatasi peke yake haikutosha. Nani angeuhesabu msitu mti kwa mti? Nani angemtafuta mnunuzi?

Kilwa ilipata msaada kutoka mahali pasipotarajiwa. Mwaka 1996 wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Cambridge walikuja Tanzania kwa safari ya utafiti kuhusu mpingo. Kazi ile ilikua na kuwa shirika la Kitanzania lenye makao Kilwa, linalojulikana leo kama Mpingo Conservation and Development Initiative. Kazi yake haikuwa ya kusisimua: kutembea na kamba na daftari, kupima unene wa mashina, kuchora mipaka na majirani, kuifundisha kamati ya maliasili ya kijiji namna ya kuweka vitabu na kufanya doria. Mwaka 2009 misitu ya vijiji vya Kikole na Kisangi ilipata cheti cha FSC, na ikawa misitu ya asili ya kwanza barani Afrika inayosimamiwa na wananchi kupata cheti hicho. Makadirio yaliyotangazwa wakati ule yalieleza kwamba kabla ya hapo wanakijiji walikuwa wakipata senti 8 za dola kwa gogo la mpingo, na kwamba kwa utaratibu mpya wangeweza kupata zaidi ya dola 19.

Senti 8 kwa gogo la mti wa miaka 70. Nadhani hiyo ndiyo tarakimu inayopaswa kusomwa pamoja na zile sita na saba za Bach.

Kwenye kiwanda cha kupasua, gogo hilo hupoteza sehemu kubwa ya mwili wake. Mafundi wa ala hawataki ufa, fundo, tundu la mdudu wala utepe wa mbao nyeupe. Kwa kawaida chini ya asilimia 10 ya gogo ndiyo inayofaa kuwa kipande cha klarineti au filimbi. Vipande hivyo hupakwa nta ili visipasuke, hukaushwa polepole, kisha husafirishwa. Kwa upande mwingine wa jiji, Mwenge, mchongaji wa Kimakonde huangalia gogo kwa jicho tofauti. Shina lililopinda humpa mgongo wa bibi aliyebeba maji, na ufa anaweza kuuzunguka. Ndiyo maana kinyago na filimbi haviwi lazima maadui. Adui wa mchongaji ni uhaba, na dalili yake inajulikana na kila aliyewahi kununua kinyago: mti mwingine uliopakwa kiwi nyeusi, ukiukwaruza kwa ukucha unakuonyesha ubavu mweupe.

Basi ni rahisi kuishia hapa na hadithi tuliyoizoea: Ulaya ilichukua mti, sisi tukabaki na kisiki. Hadithi hiyo ina ukweli, na nimeisimulia. Lakini ikiachwa peke yake inatuficha sisi wenyewe.

Mwaka 2010 watafiti walichapisha uchunguzi kuhusu misitu inayoizunguka Dar es Salaam. Waligundua kwamba uharibifu ulikuwa ukisambaa kutoka jijini kama mawimbi: mbele walitangulia wanaotafuta mbao za thamani, wakafuata wa mbao za kawaida, na mwisho wa mkaa. Kati ya mwaka 1991 na 2005 wimbi hilo lilisogea kwa kasi ya takriban kilomita 9 kwa mwaka. Kitovu chake hakikuwa Berlin wala Amsterdam. Kilikuwa Manzese, Tandale, Mbagala, Tandika, Kinondoni, kila mahali palipo na jiko la mkaa kibarazani na gunia limeegemezwa ukutani.

Hakuna sababu ya kumlaumu mama anayepika maharage kwa mkaa kwa sababu gesi ya mtungi inataka fedha yote kwa mkupuo, wakati mkaa unauzwa kwa kopo. Lakini kwenye mizani ya msitu, ala za muziki zinachukua sehemu ndogo mno. Kinachoumaliza msitu wa kusini ni moto wa kila mwaka, mashamba ya ufuta yanayohamahama, magogo ya kila aina yanayotoka bila kibali, na mkaa unaoelekea kaskazini. Serikali ilizindua mwaka 2024 mkakati wa nishati safi ya kupikia wenye lengo la kufikia asilimia 80 ya Watanzania ifikapo mwaka 2034. Mkakati huo nao, ingawa hautaji muziki hata kwa neno moja, ni sehemu ya historia ya klarineti na filimbi.

Na hapa mpuliza filimbi wa mbali anageuka kuwa mtu tofauti na tulivyomdhania. Mnunuzi wa mkaa analipia uzito, mti wowote unamtosha. Mnunuzi wa mpingo wa ala anataka mti mmoja kati ya mingi, ulionyooka, uliokomaa, usio na kovu la moto. Ili kijiji kimuuzie tena baada ya miaka 20, lazima kiulinde msitu wote, pamoja na miti asiyoitaka, kwa sababu mpingo hauoti peke yake kama mkonge. Bei nzuri ya gogo moja inakuwa sababu ya kuacha mengine 100 yasimame. Hivyo ndivyo mpango wa Kikole na Kisangi ulivyokusudiwa kufanya kazi, na ndiyo maana senti 8 ilikuwa hatari kuliko msumeno. Mti usio na bei kwa mwenyeji hauna mlinzi.

Utaratibu huo una udhaifu wake, na ni haki kuutaja. Wanunuzi wa ala ni wachache, na kijiji kinachotegemea wateja wachache walio mbali kinaweza kukaa mwaka mzima bila mauzo. Sheria za dunia nazo hazikuandikwa kwa kumtazama mwanakijiji. Januari 2017 jenasi yote ya Dalbergia iliwekwa chini ya udhibiti wa mkataba wa CITES, hasa kwa sababu ya samani za kifahari zilizokuwa zikimaliza ndugu wa mpingo katika nchi nyingine. Wanamuziki na watengeneza ala walilalamika kuhusu vibali vya kuvuka mipaka na ala zao, na wakasikilizwa: kuanzia Novemba 2019 ala zilizokamilika ziliondolewa kwenye masharti hayo. Magogo na mbao vilibaki. Filimbi sasa inasafiri kwa urahisi kuliko mti uliyoizaa.

Wapo waliojaribu kuurefusha uhai wa mti wenyewe. Sebastian Chuwa, mtaalamu wa mimea kutoka Kilimanjaro, alianzisha mwaka 1996 pamoja na Mmarekani James Harris mradi wa kupanda mpingo, na miche ikapandwa kwa mamia ya maelfu na shule, vikundi vya kina mama na wakulima. Chuwa alifariki mwaka 2014. Miche yake ya kwanza, iliyopona mbuzi na ukame, itakuwa tayari kwa fundi wa filimbi kuanzia miaka ya 2060 hivi. Msomaji wa miaka 22 leo atakuwa anakaribia kustaafu.

Sehemu ya tatu ya sonata ya Kellner inaitwa Andante, mwendo wa kutembea. Ni hiyo pekee kati ya nne isiyo katika E maina; inakaa katika G meja, na mwanga wake ni tofauti. Besi huanza kwanza, hatua kwa hatua kama mtu anayejua aendako, kisha filimbi huingia juu yake na kukaa kwenye sauti ndefu. Inapatikana bure mtandaoni, kwa filimbi za mbao na za chuma. Ukiisikiliza, jaribu mara moja kuiacha filimbi na kuifuata besi peke yake mpaka mwisho.